Mdogo wangu anataka nimdhamini mkopo, Biblia naona inasema hapana na ndiyo, nishike lipi?

MwlKihesa:

Bwana asifiwe wapendwa, na salamu kwa wote hata ambao si wa imani yangu. Mnivumilie nitaandika kirefu maana hili jambo leo ni usiku wa nne linaninyima usingizi.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi hapa Iringa, nimeolewa, tuna watoto watatu. Mdogo wangu wa kiume, kitindamimba wetu, anaendesha bajaji ya mtu, kila jioni anapeleka hesabu sh. 20,000 kwa bosi, siku ikiwa mbaya anachota akiba yake ili afikishe. Sasa kapata sehemu wanamkopesha milioni 6 anunue bajaji yake, iliyotumika kidogo, marejesho ni sh. 150,000 kila wiki kwa wiki 52. Wanachotaka ni mdhamini mtumishi wa serikali mwenye cheki namba, ile namba ya mtumishi kwenye mishahara ya serikali, na dhamana isiyohamishika. Yeye hana hata kitanda cha maana. Akaja kwangu.

Mimi nina mshahara na nina kiwanja, tumekilipa na baba watoto kidogo kidogo miaka mitano, karatasi ya mauziano ina muhuri wa serikali ya mtaa, nimeifunga kwenye nailoni iko ndani ya sanduku. Tulisema kitakuwa cha watoto.

Marehemu mama kabla hajafunga macho alinishika mkono akaniambia mwangalie huyu mdogo wako, asitangetange. Ndio maana siwezi kusema hapana kirahisi kama mnavyoweza kufikiri.

Basi juzi usiku nikachukua Biblia ya mama, tafsiri ya Union ile ya zamani yenye jalada jeusi, nikaomba nikasema Baba nionyeshe, nikafumba macho nikafungua. Ikafunguka Mithali 6. Mwanangu ikiwa umekuwa mdhamini wa rafiki yako, na pale chini inasema ujiokoe kama paa, kama ndege kwenye mkono wa mtega mitego, usiyape macho yako usingizi. Nikasema ahaa nimejibiwa, nikalala. Asubuhi yake jumuiya, somo la siku Mathayo 5:42, akuombaye mpe naye atakaye kukopa kwako usimpe kisogo. Nilikaa pale nikahisi kama mtu kanimwagia maji ya baridi mgongoni.

Sasa maswali yangu ni mawili. La kwanza, nishike lipi kati ya hayo, na yote ni neno. La pili, hivi ile kufungua Biblia na kuchukua unapoangukia ni njia sahihi ya kuongozwa au najidanganya? Na niseme ukweli, ile Biblia ya mama gundi ya mgongo imeachia, ukiiweka mezani yenyewe inajifungua maeneo hayo hayo ya Zaburi na Mithali. Hilo ndilo lililonitia shaka zaidi.

mama_wa_Makambako:

Pole mwalimu. Usidhamini. Soma na Mithali 22:26 na 27, pale panauliza kama huna cha kulipa kwa nini mtu aje akuondolee kitanda chako chini yako. Mimi kiliondolewa kweli.

Nilimdhamini jirani kwenye kikundi, tulikuwa wanawake watano, mkopo wa wiki wiki ule watu wanauita kausha damu. Wiki ya kumi na moja akahama usiku. Walikuja saa kumi na mbili asubuhi nikiwa bado na kanga, wakaingia mpaka chumbani, wakabeba godoro, radio, na kabati la vyombo na vyombo vikiwa ndani, vikombe vinagongana wanavyotoka nalo mlangoni, mwanangu mdogo kasimama anaangalia. Ile sauti ya vikombe ninayo mpaka leo.

Baadaye sana ndio nikakutana na Kumbukumbu la Torati 24, mstari wa 10 na 11, kwamba ukimkopesha mwenzio usiingie nyumbani kwake kuchukua rehani, usimame nje, yeye ndiye akutolee. Nililia dada. Nilikuwa nimeokoka miaka 14 na sikujua kama Mungu aliwahi kuwaza habari ya mdai kusimama nje ya mlango wa maskini. Kwa hiyo usiniambie Biblia haina habari za maisha yetu haya, inazo, mpaka za mlango.

Josia_Mbeya:

Mwalimu mimi ningekushauri uweke ngozi kama Gideoni, yule aliyemwomba Mungu ishara ya umande kwenye ngozi ya kondoo. Mwambie Mungu kama ni mapenzi yako nidhamini basi mkuu wa shule aniite kesho kabla ya saa nne, asiponiita najua hapana. Mimi nimefanya hivo mara nyingi na Mungu hajaniangusha.

Mzee_Furushi:

Shalom mwalimu, na wewe Josia mwanangu ngoja kwanza nianze na wewe ili nimalize na mwalimu kwa utulivu.

Gideoni ukisoma Waamuzi 6 tangu juu, kabla ya ile ngozi alikuwa ameshaambiwa waziwazi, mstari wa 14 ameambiwa enenda, wa 16 ameambiwa nitakuwa pamoja nawe. Ngozi inakuja mstari wa 36 huko. Hakuitumia ili ajue la kufanya, alikuwa anajua, alikuwa anaogopa. Na Mungu akamvumilia. Lakini ukimfundisha mwalimu asubiri kuitwa na mkuu wa shule kabla ya saa nne, umeuweka mustakabali wa watoto watatu kwenye ratiba ya mkuu wa shule. Siku hiyo mkuu akiwa na semina wilayani je?

Mwalimu, swali lako la pili. Mungu anaweza kutumia mstari ulioangukia, simfungi Mungu mikono, na nina watu ninaowaheshimu waliokolewa hivyo. Lakini wewe mwenyewe umeshasema jambo la gundi, na umefanya vyema kulisema. Mama yako ndiye aliyeifungua Mithali miaka yote ile mpaka kitabu kikapinda kwa mkono wake. Mimi nikisoma habari yako sioni bahati nasibu pale, naona mwanamke aliyekuwa anaisoma Mithali kwa kuirudia rudia, akaacha alama. Basi na wewe isome kama alivyoisoma yeye, usiifungue tu.

Zaburi 119 inasema neno ni taa ya miguu. Sisi tuliokua na koroboi tunaelewa vizuri kuliko vijana wa tochi za simu. Koroboi unaishika chini, inakuonyesha pa kuweka mguu huu, na ukishauweka inakuonyesha pa kuweka ule mwingine. Ukiiinua juu uone mwisho wa njia, inazimwa na upepo. Kwa hiyo ukitaka Biblia ikuambie kama bajaji italipa au haitalipa, hilo haitakuambia. Uulize hatua.

Sasa kudhamini. Nenda kitabu cha Mwanzo, habari za Yusufu na nduguze, lakini usikimbilie Yusufu, waangalie hao ndugu. Njaa imekaza, wanatakiwa warudi Misri na Benyamini, baba yao Yakobo anakataa, kitinda mimba wake huyo, kama huyo wako. Mlango wa 42 mstari wa 37 Reubeni anajitokeza kudhamini. Anasema nini? Anasema nisipomrudisha, uwaue wanangu wawili. Soma tena mwalimu. Reubeni mkono wake uko salama, shingo yake iko salama, kilichowekwa rehani ni wanawe, na wanawe hawakuulizwa. Yakobo hata hakumjibu hilo, alisema tu mwanangu hatashuka pamoja nanyi.

Chakula kikaisha. Mlango wa 43 mstari wa 8 na 9 anasimama Yuda, huyu huyu aliyetoa wazo la Yusufu auzwe, na yeye anadhamini. Lakini anasema mimi. Nitakuwa dhamana mimi, umtake mkononi mwangu, nisipomleta lawama iwe juu yangu siku zote. Safari hii Yakobo akakubali. Na haikuwa maneno, maana mlango wa 44 kikombe kilichosemwa kimeibwa kilipokutwa kwenye gunia la Benyamini, Yuda alimsogelea yule mkubwa wa Misri akasema nikae mimi niwe mtumwa badala ya kijana, kijana aende zake.

Kwa hiyo Biblia ina Mithali 6 na ina Yuda. Na ina zaidi, Waebrania 7:22 Bwana wetu mwenyewe ameitwa mdhamini. Ingekuwa kudhamini ni dhambi tusingekuwa na wokovu. Ila ukiwaangalia wote hawa utaona kila mmoja kaweka nini mezani. Yuda kajiweka mwenyewe. Bwana kajiweka mwenyewe. Reubeni kaweka watoto.

Kile kiwanja ulisema ni cha nani? Umeandika wewe mwenyewe pale juu, mimi sijaongeza neno.

Na Mathayo 5:42 haipigani na hayo. Mdogo wako hajaja kukopa kwako. Angekuja kukopa kwako ungempa ulichonacho, au nusu, au ungempa kabisa usidai, na huo ndio moyo wa mlango ule. Yeye amekuja kukopa kwa mtu mwingine akitumia jina lako na ardhi ya watoto. Hayo ni mambo mawili tofauti na lugha ya Biblia yenyewe inayatenganisha, kukopesha ni neno lake na kudhamini ni neno lake.

MwlKihesa:

Mzee shikamoo. Nimesoma nikiwa staffini nikatoka nje nikakaa chini ya mti. Habari ya Reubeni nimeifundisha Sunday school miaka na sijawahi kuuona mstari ule, nilikuwa nakimbilia kikombe kwenye gunia kwa sababu watoto wanakipenda.

Kuna jambo sikulisema na dhamiri inanisuta. Baba watoto hajui. Mdogo wangu aliniomba tumalize kimya kimya kwanza, shemeji aambiwe bajaji ikishaanza kuingiza. Na kwa vile karatasi ya kiwanja ina jina langu niliona inawezekana.

afisa_mikopo_mstaafu:

Mwalimu hapo kwenye kimya kimya ndipo ningekushika mkono kabla ya kufika kwenye maandiko yoyote. Mimi nimekaa dawati la mikopo miaka saba, nimeacha, sasa nafuga. Acha nikueleze kazi ilivyo maana naona watu wengi wanaingia udhamini wakidhani ni kuwa shahidi.

Mdhamini si shahidi. Kisheria deni la mdhamini ni sawa sawa na la mkopaji, na sheria yetu ya mikataba ndivyo inavyosema, isipokuwa kama mmeandikiana vingine. Yaani mkopaji akichelewa, mimi niliyekuwa dawatini simtafuti mtu wa bajaji anayezima simu, namtafuta mtu mwenye mshahara unaoingia tarehe inayojulikana. Ndio maana wanataka cheki namba. Hiyo cheki namba ndiyo mkopo wenyewe, mdogo wako ni mtu wa kuupokea tu. Nasema kwa uchungu maana nimesainisha walimu wengi sana, na wengi hawakusoma ukurasa wa pili, na mimi sikuwasomea.

Sasa Luka 14:28, mtu anayetaka kujenga mnara anaketi kwanza anahesabu gharama. Tuketi. Laki na nusu mara 52 ni milioni 7 na laki 8. Leo anapeleka 20,000 kwa siku, akifanya siku sita ni 120,000 kwa wiki, na umesema kuna siku anachota akiba kufikisha. Kwa hiyo 120,000 tayari inamshinda siku nyingine, halafu anaenda kwenye 150,000. Na sasa hivi bajaji ikiharibika ni ya bosi, tairi za bosi, bima ya bosi. Siku ikiwa yake vyote hivyo ni vyake na wiki ya marejesho haisubiri ipone. Bajaji iliyotumika ikilala gereji wiki mbili tu, laki tatu zimetoka wapi? Zimetoka kwenye mshahara wako.

Simsemi vibaya kijana, kuna vijana wanaweza. Nasema hesabu yenyewe haijakaa, na mtume Paulo anasema kwenye Warumi 13:8 msiwiwe na mtu chochote isipokuwa kupendana, sasa hapa mtawiwa na taasisi na kupendana kutaondoka. Nimeona ndugu wa tumbo moja wakizikana bila kusalimiana kwa ajili ya milioni mbili.

Mwambie mumeo leo. Si kesho.

Binti_wa_Pangani:

Assalaam aleikum kwa Waislamu wenzangu na wengine nawasalimu pia, mwalimu amekaribisha wote ndio maana nimeingia. Mimi ni Muislamu niko Tanga na nimeguswa kwa sababu kisa hicho cha Yusufu na sisi tunacho, sura nzima.

Kwetu pia Yakub a.s. hakukubali kumtoa yule mdogo mpaka wampe ahadi nzito kwa jina la Allah kwamba watamrudisha. Ile sura aya ya 72 mpiga mbiu wa mfalme anasema atakayeleta kile kikombe atapata shehena ya ngamia, na mimi ni mdhamini wa hilo, na masheikh wanaitaja aya hiyo wakisomesha mlango wa dhamana. Halafu aya ya 80 yule mdogo alipozuiliwa, mkubwa wao akasema mimi siondoki nchi hii mpaka baba aniruhusu au Allah anihukumie. Alibaki yeye. Hakutuma mtu abaki badala yake. Kwa hiyo mzee nilivyosoma maneno yako nikasema subhanallah.

Na kuna hadithi ipo kwa Bukhari, ililetwa jeneza Mtume s.a.w. akauliza ana deni, wakasema dinari tatu, akauliza ameacha kitu, wakasema hapana, akasema msalieni nyie mwenzenu. Sahaba wake Abu Qatada akasema msalie ewe Mtume, deni lake liko juu yangu. Ndipo akamsalia. Mimi hadithi hii inanifundisha vitu viwili kwa mpigo, kwamba kumbebea mtu deni ni jambo kubwa lenye ujira, na kwamba deni lenyewe ni zito mpaka linasimamisha jeneza. Abu Qatada alijua ni dinari tatu na alijua ni yeye anayelipa.

Kuhusu kuomba uongozi, sisi tuna istikhara, rakaa mbili na dua yake, na watu wengi wakishaswali wanangoja ndoto, wameota nyoka wanasema ndoa hii haina heri. Sheikh wangu alitukataza sana hiyo. Alisema istikhara unaswali baada ya kuuliza wanaojua na kupima, halafu unaendelea na jambo lako, Allah akitaka analifungua na akitaka analifunga. Naona mnasema kitu kimoja na sisi hapa.

Na mkikubaliana chochote na mdogo wako, hata ukimpa mwenyewe shilingi ngapi, andikeni. Aya ndefu kuliko zote ndani ya Qur'ani, Baqara 282, haihusu swala wala saumu, inahusu kuandika deni na kuweka mashahidi. Usimuonee haya eti ni mdogo wako.

Kamau_wa_sako:

Habari zenu kutoka Nakuru. Hapa kwetu Kenya hii mambo ya garanta tunaijua sana kwa sababu sako, hivi vyama vya akiba na mikopo, karibu zote mkopo unapewa kwa garanta, wanachama wenzako, na ukikataa kulipa wanashika akiba zetu. Nimewahi kugaranti rafiki wa kazini, alipoachishwa kazi nikakatwa miezi tisa. Sijuti sana kwa sababu nilikuwa nimejiuliza kabla ya kusaini, huyu mtu akikosa hata shilingi, naweza kulipa hii pesa na bado niketi na yeye kanisani? Nikaona ninaweza. Nililipa, na tunaketi bado. Kuna wengine wawili niliwakataa mwaka huo huo kwa sababu jibu lilikuwa siwezi.

Wagalatia 6 ilinisaidia hapo. Mstari wa 2 unasema mchukuliane mizigo, halafu mistari mitatu mbele, wa 5, unasema kila mtu atalichukua furushi lake mwenyewe. Nilifikiri Paulo amejichanganya, pasta akatufafanulia kwamba kwa Kigiriki ni maneno mawili tofauti, na waliotafsiri Kiswahili waliona hivyo, wakaweka mizigo hapa na furushi pale. Mzigo ni ile kitu inakuja kukulemea, ugonjwa, kufutwa kazi, msiba. Furushi ni ya kila mtu kubeba ya kwake kila siku. Mwalimu jiulize hii bajaji ni gani kati ya hizo mbili. Mimi nikiangalia naona kijana ana kazi, ana afya. Hajalemewa bado. Lakini atalemewa huo mkopo ukiingia.

Josia_Mbeya:

Mzee nimekuelewa na nakubali, nilikuwa sijawahi kusoma Waamuzi 6 kuanzia juu, nilijua ngozi tu. Samahani mwalimu.

Ila naomba niulize, tukimwambia mwalimu asidhamini halafu tukaishia hapo si ndio kumpa kisogo? Huyo kaka ana shida ya kweli, kuendesha chombo cha mtu si maisha, mimi nimeendesha bodaboda miaka miwili najua, jioni unafika kwa bosi na pikipiki imeoshwa na hela ya hesabu mkononi halafu wewe unarudi na elfu mbili. Na mama yao aliacha neno.

mama_wa_Makambako:

Josia hapo umesema vizuri. Mimi ningeenda kwa yule mjane wa 2 Wafalme 4. Mdai anakuja kuchukua watoto wake wawili wawe watumwa, anamlilia nabii Elisha, na Elisha hamdhamini wala hamlipii. Anamuuliza una kitu gani nyumbani. Akasema sina kitu ila chupa ya mafuta. Ikaanzia hapo kwenye hiyo chupa, akaambiwa akaazime vyombo kwa majirani, tena visiwe vichache, na mwisho akaambiwa uza, lipa deni, yanayobaki uishi wewe na wanao.

Mimi baada ya kunyang'anywa nilianzia hapo hapo, nilikuwa na jiko la mkaa na karai walilosahau uani. Nikaanza maandazi. Azima vyombo nilifanya kweli, beseni la jirani, unga wa mkopo kilo mbili tu, nalipa jioni ile ile. Kwa hiyo mwalimu muulize mdogo wako una nini nyumbani, na wewe muazime chombo. Chombo tu, kiwanja hapana.

MwlKihesa:

Wapendwa nimerudi, ni siku ya sita tangu niandike, mnisamehe nilinyamaza.

Nilimwambia baba watoto usiku ule ule. Nilianza na karatasi, nikaitoa kwenye nailoni nikaiweka kitandani, nikamweleza yote pamoja na ile ya kimya kimya. Hakupandisha sauti. Aliichukua akaisoma kama haijui, halafu akaniuliza ungeniambia lini. Hilo swali bado tunalo, tunalizungumza taratibu.

Jumamosi mdogo wangu akaja. Nilimwita ndani na Biblia ya mama iko mezani, imejifungua yenyewe Mithali kama kawaida yake. Nikamwambia sitadhamini. Akanuna, akasema mama angekuwepo asingenifanyia hivi, na hilo lilinichoma sana, nikabaki kimya. Ni mume wangu aliyevuta kiti akasema shemeji kaa tusome kitu kimoja, akamsomea Reubeni na Yuda, mimi sikumwambia asome alikuwa ameisoma humu kwenye simu yangu. Aliposoma uwaue wanangu wawili mdogo wangu akaangalia mlangoni, watoto wangu walikuwa pale barazani wanacheza rede. Akasema dada sikuwaza hivyo.

Tukamuuliza ana nini nyumbani. Kumbe ana sh. 410,000 kwenye kibubu na bosi wake anataka kuuza bajaji ile ile anayoendesha, anayoijua kila ugonjwa wake, ila alikuwa haamini kama bosi angekubali kulipwa kidogo kidogo bila taasisi katikati, hakuwahi hata kumuuliza. Sisi tumeamua kumpa 500,000, si mkopo, na mume wangu kasema tuandike kwamba tumempa, ili asije mtu huko mbele akasema anadaiwa, asante dada wa Tanga. Na nimemwambia kama bosi akitaka mtu wa kusimama naye, nitasimama kwa kiasi ninachoweza kulipa mimi kwenye mshahara wangu mwenyewe bila watoto kukosa ada, tumehesabu na mume wangu ni 600,000 haizidi, na tutaiandika hivyo hivyo kwa tarakimu.

Jana jioni kaenda kwa bosi. Bosi kasema atafikiri mpaka Jumatano, ila kaomba aone daftari la hesabu za miezi sita iliyopita. Mdogo wangu hana daftari, alikuwa anapeleka hela mkononi tu, sasa wamekaa na mke wake wanakumbuka wiki baada ya wiki, na nimempelekea lile daftari la kaunta lililobaki kutoka shuleni kwa mwanangu.

afisa_mikopo_mstaafu:

Mwambie aanze na wiki hii anayoikumbuka vizuri arudi nyuma, asibuni. Bosi naye atakuwa na kumbukumbu zake, na akikuta zinalingana hapo ndipo atamwamini. Na siku ambazo hakufikisha hesabu aziandike pia.

MwlKihesa:

Sawa kaka, namtumia ujumbe sasa hivi. Mzee shikamoo tena, leo nimeanza Mithali mlango wa kwanza.